Maneno Aliyoambiwa Ednah

Kinya Marete alikuwa na kazi ambayo mama yake alishindwa kuwaeleza watu wa kanisani. Alikuwa anapiga video. Zingekuwa za harusi au za mazishi zingeeleweka. Lakini yeye alisimama kando ya barabara mjini Meru akiwa na kikapu mkononi, na ndani ya kikapu kulikuwa na simu, na kikapu kilikuwa na tundu ubavuni. Kupitia tundu hilo alirekodi watu waliokuwa wakifanyiwa mizaha na mwenzake, Mwenda.

Mwenda alikuwa na miaka ishirini na sita, mrefu, na uso wa upole ambao hakuna mtu angeushuku. Alikuwa amefundisha hesabu katika shule moja ya binafsi kwa mihula miwili, kisha akaacha na kufungua chaneli yake. Video alizozipenda zaidi zilitoka Japani. Huko, alimweleza Kinya, mfanya mzaha hamwangushi mtu wala hammwagii maji. Anavaa suti safi, anaketi karibu na mtu asiyemjua, halafu anafanya jambo moja dogo la ajabu bila kucheka. Yule mwingine anajaribu kwa adabu yote kujifanya hajaona.

"Ona hiyo heshima," Mwenda alisema. "Anakufa kwa kicheko na bado hataki kukuaibisha. Mimi nataka tufanye hivyo hapa kwetu."

Kinya alizitazama zile video mara nyingi, akaona jambo jingine. Wapita njia wengi walikuwa wametiwa ukungu usoni wasitambulike. Alipouliza kwa nini, Mwenda alisema ni mambo ya kwao.

Hawakuwa watu wabaya. Kila mzaha ulipoisha, Mwenda alimsalimia mtu kwa mkono, akamwonyesha kikapu, akamwomba ruhusa. Wengi walikubali huku wakijifuta machozi ya kicheko, na aliyekataa aliachwa. Lakini wapo waliokuwa wakiondoka kabla ya kuulizwa, na kuhusu hao hawakuwahi kuwekeana sheria. Video zao zilipandishwa tu mtandaoni.

Jumatano moja ya mwezi wa tatu, Mwenda alinunua ndizi moja mbivu, akavaa suti yake ya kijivu, akaenda kuketi kwenye benchi la zege nje ya duka la dawa za mifugo. Hapo palikuwa pameketi mzee mmoja mwenye koti la kahawia na kofia, miguu yake imepangwa pamoja kama ya mtu aliye mbele ya mwalimu. Jina lake lilikuwa Kaburu, ingawa wakati huo hawakulijua. Alikuwa anaongea kwa simu ndogo ya vitufe. Mzaha ulikuwa kwamba Mwenda ataweka ndizi sikioni na kuijibu simu ya mzee.

Kinya alisimama ng'ambo ya barabara. Kinasa sauti kilikuwa kimebanwa ndani ya kola ya Mwenda.

"Ndiyo, Ednah," mzee alisema. "Nimefika Meru salama. Nimeketi."

"Mimi pia nimeketi," Mwenda aliiambia ndizi.

"Jumamosi nitakuja Runyenjes nichukue ile miche. Usimpe mtu mwingine."

"Usimpe mtu kabisa," Mwenda alisema kwa ukali.

"Hapana, watoto bado sijawaambia. Nataka niwaambie siku ya Pasaka, wote wakiwa mezani. Hili si jambo la kuambiana kwa simu."

"Ya simu hayafai," Mwenda alikubali, akiibadilisha ndizi sikio.

Mwanamke aliyekuwa akipita na mfuko wa kabichi alianza kucheka. Mzee hakumwona. Alikuwa ameinama, amefunika mdomo kwa kiganja na kupunguza sauti kiasi kwamba hata aliyeketi mwisho wa benchi asingesikia. Kinasa sauti kilisikia.

"Nakuwaza, Ednah," alisema. "Hata nikikama ng'ombe nakuwaza. Hii miaka mitatu nimeishi kama mtu aliyesahau jina lake. Sasa ukiniita, nalisikia tena."

Ilikuwa zamu ya Mwenda kujibu, na hakujibu. Alibaki na ndizi sikioni, mdomo wazi. Ndipo mzee alipogeuka akamwona. Aliitazama ile ndizi, akamtazama mwenyewe kuanzia viatu hadi nywele, akasema kwenye simu, "Ngoja kidogo, Ednah. Kuna kijana hapa anaongea na ndizi." Kisha akamwinamia Mwenda na kumuuliza polepole, "Kijana wangu, umekula leo?"

Mwenda alishindwa kusema chochote. Mzee akachukua hayo kuwa jibu. Alifungua karatasi iliyokuwa na maandazi mawili, akampa moja, akampapasa begani. "Mungu atakusaidia," alimwambia. "Usikae juani." Pikapu ya jirani yake ikapiga honi ng'ambo ya barabara, naye akainuka akavuka, akaondoka. Mwenda alikuwa bado anatafuna.

Jioni hiyo katika chumba chao, ghorofani juu ya kinyozi, waliitazama video mara tano. Hawakuwa wamewahi kupiga kitu kizuri kama hicho, na wote wawili walilijua hilo.

"Hatukumuuliza," Kinya alisema.

"Aliondoka."

"Basi tumtie ukungu usoni. Na jina la huyo Ednah tulitoe. Na hapo aliposhusha sauti..."

"Kinya, hapo aliposhusha sauti ndipo kuna video. Na ule uso ndio video yenyewe." Mwenda hakuwa anagomba, alikuwa anaomba. "Hatumdharau mtu. Anayeonekana mjinga hapo ni nani? Ni mimi. Huyo mzee watu watampenda."

Kinya hakuendelea kubishana. Alikata sekunde chache mwanzoni, akasawazisha sauti ili yale maneno ya chini yasikike vizuri, na Alhamisi asubuhi video ikapanda.

Mwenda hakukosea: watu walimpenda mzee. Kufikia Jumapili video ilikuwa imetazamwa mara laki nne, na kufikia Jumatano laki sita. Wanawake waliandika kwamba waume zao wamsikilize huyu baba. Wanaume waliandika kwamba wataenda kununua ng'ombe. Maneno "nakuwaza hata nikikama" yaliandikwa nyuma ya tuktuk moja pale mjini kwa rangi nyekundu. Kinya alisoma maoni hadi macho yakamuuma, na katika maelfu hayo hakuona tusi hata moja kwa mzee. Alijiambia kwamba alikuwa amehofu bure.

Siku ya kumi na mbili, asubuhi, mtu aligonga mlango. Kinya alikuwa peke yake. Alifungua akakuta lile koti la kahawia na ile kofia, mkononi.

"Nimeambiwa na mwenye duka la dawa kwamba hapa ndipo kazi ya yule kijana," mzee alisema. "Mimi naitwa Kaburu. Naweza kuingia?"

Kinya alimkaribisha kiti, akamwekea maji ya chai jikoni. Mzee aliuliza kama yule kijana ni mzima, na Kinya akasema ni mzima. "Nashukuru," Kaburu alisema. "Nilikuwa nimemwombea." Halafu akamwambia kwamba hiyo video kila mtu ameiona isipokuwa yeye, kwa sababu simu yake haina video. Angependa kuiona.

Kinya alimwekea kwenye kompyuta. Mzee alitazama akiwa amekaza macho. Ndizi ilipowekwa sikioni alicheka kweli kweli, akajipiga goti. Ilipofika mahali pa kunong'ona aliacha kucheka. Ikaisha. Akaomba airudie, na mara ya pili hakucheka popote.

"Ni nzuri," alisema.

"Kwa hiyo huna ubaya nayo, Mzee?"

"Nimesema ni nzuri. Sikusema ni yenu."

Mzee alichukua kikombe, akanywa kidogo, akakirudisha mezani taratibu.

"Mtoto wangu, mimi najua benchi ni la kila mtu. Nilipoketi hapo kulikuwa na watu kama kumi. Hao kumi nilikuwa nawaona. Nilijua nikiongea kwa sauti watasikia, ndiyo maana nikashusha sauti. Hawa laki sita siwaoni mimi. Ningeshusha sauti namna gani wasisikie?"

Hapo Kinya alianza kulia. Mzee alimwacha alie, akatazama dirishani mpaka akamaliza.

Kisha alieleza, bila kupandisha sauti. Mke wake alikufa miaka mitatu iliyopita. Ednah alikutana naye siku ya wakulima, huko Embu, ambako yeye alikuwa ameenda kujifunza habari za makadamia na Ednah alikuwa anauza miche kutoka kitalu chake. Ednah ni Muembu, naye ni Mmeru, kwa hiyo wakizungumza huzungumza Kiswahili. "Ndiyo maana Kenya nzima imeelewa," alisema, na akatabasamu kidogo. Alikuwa amepanga maneno ya kuwaambia watoto wake. Alikuwa ameyaandika kwenye daftari ili asikosee, kwa sababu yalihusu pia mama yao. Lakini binti yake Gacheri, ambaye ni nesi, alionyeshwa video kazini, na wenzake wakampongeza kwa kupata mama mpya. Tangu siku hiyo Gacheri hakuwa ameshika simu ya baba yake.

"Hiyo siku yangu ya Pasaka mmeitumia ninyi," Kaburu alisema. "Lakini hayo ni ya nyumbani kwangu, nitayatengeneza. Kilichonileta ni Ednah."

Runyenjes ina Ednah mmoja tu mwenye kitalu. Jina lilipotajwa pamoja na mji na miche, haikuhitaji polisi kumtambua. Ednah alikuwa mjane wa miaka hamsini na tisa, kiongozi wa sauti ya pili katika kwaya, mtu ambaye hajawahi kutajwa midomoni mwa watu. Sasa vijana wa bodaboda walimwita kwa mlio wa ng'ombe. Alikuwa ameacha kwaya. Na lililomuuma Kaburu zaidi, Ednah aliamini kwamba yeye Kaburu alijua. Kuna wazee wanaoigiza kwenye video siku hizi. Watu wakamwambia kwamba hata huyu alipangwa, na yule kijana ni mwenzake.

"Mimi nikisema sikujua, ni neno langu tu. Nataka mtu aliyekuwepo aende amwambie."

Mwenda aliingia wakati huo akiwa na mkate na maziwa. Alipomwona mzee, uso wake ulifurahi, na furaha hiyo ilikuwa ya kweli. Alimsalimia kwa mikono miwili. Aliposikiliza habari yote, alijikuna kichwa.

"Pole sana, Mzee. Lakini pale ni mahali pa umma, sheria haikatazi. Na hakuna aliyekutukana. Wewe si unaona watu wanavyokupenda?"

"Naona."

"Basi wacha twende Runyenjes pamoja. Tutafanya video ya pili. Mimi nampigia Ednah magoti mbele ya watu, na ile ndizi. Watu watalia, nakwambia. Watamheshimu."

"Bila kamera," Kaburu alisema.

"Mzee, bila kamera nani atajua kwamba tumeomba msamaha?"

"Ednah atajua."

Mwenda aligeuka dirishani. Video hiyo ilikuwa imewaletea kila kitu walichokuwa wakikitafuta kwa miaka miwili, na Kinya aliweza kuona jinsi alivyokuwa akipambana na nafsi yake. "Siwezi kuitoa," alisema mwishowe. "Na kwenda hivyo hivyo tu, sioni maana yake. Nisameheni."

"Mimi nitakwenda," Kinya alisema.

Alhamisi asubuhi walifika Runyenjes, yeye na mzee. Mvua ilikuwa imenyesha usiku na njia ya kwenda kwa Ednah ilikuwa ya tope jekundu, kahawa upande huu na huu. Walimkuta kitaluni, amevaa buti za mpira na kitambaa kichwani, anajaza udongo kwenye vifuko vyeusi vya miche. Alimwona Kaburu akaendelea kujaza udongo.

"Ednah, nimekuja na mtu."

"Naona umekuja na mtu."

Kinya alikuwa amejitayarishia maneno njiani, na yote yalimtoka kichwani. "Mama, shikamoo," alisema. "Mimi ndiye niliyepiga ile video. Mzee hakujua. Hakujua mpaka siku ya kumi na mbili alipokuja kuiona kwetu. Kamera ilikuwa kwenye kikapu, na kinasa sauti kilikuwa kwa kola ya mwenzangu. Hatukumuuliza."

Ednah alinyoosha mgongo. Alikuwa na macho yasiyopepesa. "Wewe ndiye ulikuwa umeshika simu?"

"Ni mimi."

"Na ukasikia jina langu."

"Nilisikia. Nilisema tulitoe, halafu nikaliacha. Na pale aliposhusha sauti, mimi ndiye niliyeipandisha."

Hilo la mwisho hakuna aliyekuwa amemuuliza. Kaburu alimtazama kwa mshangao, maana hata yeye hakulijua. Ednah alifuta mikono kwenye leso yake.

"Hiyo umejisema mwenyewe," alisema. "Sawa. Sasa utanisaidia kazi. Kuna miche ya mteja, iko upande wa chini wa soko. Wiki mbili napita kwa mashamba ya watu kama mwizi wa mahindi. Leo nataka kupita katikati. Wewe utabeba kreti moja, mimi nibebe moja. Kaburu, wewe baki hapa uangalie kuku wasiingie kwa miche."

"Ednah, wacha nije..."

"Ukija wewe, ndiyo watafurahi kabisa."

Kaburu akabaki na kuku.

Walipofika kwenye kituo cha bodaboda, mlio wa ng'ombe ulianza hata kabla hawajavuka mtaro. Mmoja aliguna, wa pili akaitikia, kisha kijana mmoja akapaza sauti, "Ednah! Nakuwaza hata nikikama!" Wakacheka wote. Hawakuwa na chuki. Walicheka kama watu wanaoimba wimbo unaojulikana. Ednah alitembea mbele, shingo imenyooka, kreti kifuani. Kinya, aliyekuwa nyuma yake, aliona kwamba miche iliyokuwa kwenye kreti hiyo ilikuwa inatetemeka.

Aliweka kreti yake chini.

"Samahani," alisema. Hawakumsikia. Akasema tena, kwa sauti aliyoshangaa ilitoka wapi, "Samahani! Hiyo video ni mimi niliyeipiga!"

Kicheko kilipungua.

"Niliipiga kwa kujificha. Yule mzee alikuwa ananong'ona, na huyu mama hakuwa hata mjini. Hakuna aliyeulizwa. Kosa ni langu na la mwenzangu. Naomba mmwachie njia yake."

"Ati ni yeye!" mtu alisema. Na simu zikatoka. Moja, tano, kumi. "Dada, rudia hiyo, sijaanza kurekodi!" mwingine alimwomba, bila ubaya wowote. Kwa miaka miwili Kinya alikuwa amesimama nyuma ya tundu la kikapu, na sasa hakujua mikono aiweke wapi. Alihisi uso wake umekuwa mkubwa. Alitamani kuinama aokote kreti, akaogopa kwamba kuinama kwenyewe kutakuwa kichekesho. Kila jambo ambalo angefanya sasa lilikuwa la watu wengine.

Ndipo Ednah aliporudi. Aliweka kreti yake juu ya ile ya Kinya, akasimama mbele ya msichana, akizikabili simu zile zote kwa buti zake za matope.

"Nyamu," alimwambia yule aliyekuwa karibu zaidi, "weka simu chini."

"Lakini cucu," alisema, akimwita kama bibi yake, "hapa ni sokoni. Ni mahali pa watu wote."

"Najua ni mahali pa watu wote. Na huyu ni mmoja wa hao watu. Umemuuliza kama anataka?"

Nyamu aliwatazama wenzake. "Hapana."

"Basi muulize."

Kijana alikohoa. Alionekana kama mtu aliyeombwa kusoma neno kanisani ghafla. "Dada, naweza kukurekodi?"

"Hapana," Kinya alisema. "Tafadhali."

Nyamu akairudisha simu mfukoni. Waliomzunguka walirudisha zao, mmoja baada ya mwingine. Mwanamke aliyekuwa akiuza viazi vitamu alisema kwa sauti, "Mama Ednah, kwaya Jumapili?" na Ednah akajibu, "Nitakuja." Wakainua kreti zao, wakapita katikati ya soko hadi upande wa chini, na hakuna aliyelia kama ng'ombe.

Kinya hakuweza kunyamaza njiani. "Mama, kwa nini umenitetea? Ni mimi niliyekufanyia haya."

"Nimeona vile ulikuwa umesimama," Ednah alisema. "Nimesimama hivyo wiki mbili. Sikupenda kumwona mtu mwingine hivyo."

Waliporudi kitaluni, Kaburu alikuwa amesimama wima katikati ya miche na fimbo mkononi kama askari. Ednah alimtazama, akamuuliza kwa nini mtu mzima anasema maneno kama yale kwenye benchi, mbele ya duka la dawa za ng'ombe. Kaburu alisema hakuwa na mahali pengine pa kuketi. Ednah akacheka, na Kinya akaenda kunawa mikono kwenye mfereji wa mbali, akajichelewesha huko.

Lakini sokoni pale si wote walioshusha simu. Mtu mmoja wa nyuma alikuwa ameendelea kurekodi, na saa kumi alasiri kipande chake kilikuwa tayari kinazunguka. Kinya, akiwa kwenye barabara ya kurudi Meru, alijua hilo Mwenda alipompigia simu.

"Nimekuona," Mwenda alisema. Sauti yake ilikuwa imebana. "Umesoma wanayoandika? Usisome. Wanasema una sura ya... wacha tu. Wanasema umelipwa. Mmoja ameandika kwenu ni wapi! Nani alimpa ruhusa ya kukurekodi, Kinya? Ulikuwa unaomba samahani hapo, na mtu anaweka wimbo juu yake! Nani amempa..."

Akajikatiza. Kinya alisikia anapumua.

"Yule mama ndiye aliyesimama mbele yako?" Mwenda aliuliza.

"Ndiye."

"Baada ya yote tuliyomfanyia?"

"Baada ya yote."

Kinya alipofika chumbani juu ya kinyozi, video ya mzee haikuwepo tena kwenye chaneli. Mwenda alikuwa ameitoa yeye mwenyewe, akaandika mistari miwili: kwamba aliyerekodiwa hakuulizwa, na kwamba mwenye kuwa na nakala aifute kwa hiari yake. Wengi walimtukana. Wengine walifuta. Nakala kadhaa zingali huko nje hadi leo, na hazitaisha. Wote wawili wanalijua hilo na wameacha kujidanganya.

Jumamosi Mwenda alivaa suti yake ya kijivu akaenda Runyenjes peke yake, mikono mitupu. Yaliyosemwa huko Kinya hakuyajua kamwe. Mwenda alirudi na miche miwili ya makadamia aliyouziwa kwa bei ya kawaida, na tope hadi magotini.

Hawakuacha mizaha. Waliacha kikapu. Siku hizi mtu akiondoka kabla ya kuulizwa, video yake inafutwa hapo hapo barabarani, na maneno ya simu ya mtu hayarekodiwi hata akiwa anapiga kelele. Nusu ya wanaoulizwa hukataa. Chaneli imekuwa ndogo, lakini kuna watu mjini Meru wanaomwendea Mwenda wenyewe kumwomba awafanyie mzaha mama zao, na mama hao wakiambiwa baadaye hucheka mbele ya kamera mpaka wanashikilia ukuta.

Siku ya Pasaka Kaburu aliwasomea watoto wake maneno ya daftari, ingawa walikuwa wameshayajua. Aliyasoma yote, hata sehemu ya mama yao. Gacheri aliondoka mezani katikati. Alirudi kabla ya chai. Ilimchukua hadi mwezi wa nane kukubali kwenda Runyenjes, na alipoenda alikaa siku mbili badala ya moja, kwa sababu Ednah alikuwa na presha na Gacheri hakupenda namna alivyokuwa akimeza dawa zake.

Kaburu na Ednah walifunga ndoa mwezi wa kumi na mbili, katika kanisa la Ednah, asubuhi yenye ukungu. Mwenda na Kinya walialikwa. Kabla ya ibada mchungaji aliwaambia watu kwamba maharusi wameomba simu zikae mifukoni, na zikakaa, hata za vijana wa bodaboda waliojaza viti vya nyuma wakiongozwa na Nyamu. Kwaya iliimba. Katikati ya wimbo bibi harusi alishindwa kuvumilia jinsi sauti ya pili ilivyokuwa ikiyumba, akaiimba yeye mwenyewe kutoka pale alipoketi, kwa nguvu, bila kugeuka, na Kaburu akamtazama kama mtu aliyeonyeshwa shamba lake baada ya mvua.

Kinya alitamani dunia nzima ingemwona mwanamke yule wakati ule. Alibaki ameikunja mikono yake mapajani, akamtazama kwa macho yake mwenyewe, mpaka wimbo ukaisha. Ibada ilipokwisha alitoka nje na wanawake wengine. Mtu alimpa rundo la sahani, akaambiwa aanze na meza ya wazee.